Leo Mmekuja Kuona Bendi Gani?

Ukifika mlangoni mwa ukumbi wa muziki jijini Tokyo, jiandae kwa swali moja ambalo mimi sikuandaliwa nalo. Binti aliyekaa mlangoni, nywele kazipaka rangi ya bluu, alipokea hela zetu kwa mikono miwili, akainamisha kichwa, kisha akauliza kitu kwa Kijapani. Mimi na mume wangu tukatazamana. Akaandika kwenye simu yake, simu ikatafsiri kwa Kiingereza: leo mmekuja kuona bendi gani?

Bendi zilikuwa nne, zimeandikwa ubaoni kwa chaki. Hatukuijua hata moja. Mume wangu akanyooshea kidole jina la mwisho kwa sababu ndilo pekee lililokuwa na herufi tunazoweza kuzisoma. Yule binti akachora vimstari viwili kwenye karatasi yake, kimoja changu na kimoja cha mume wangu. Nikadhani ni ule utaratibu wao wa kuandika kila kitu. Kumbe vimstari vile vilikuwa na hela ndani yake, nitakueleza huko mbele.

Ngoja nirudi nyuma kidogo.

Mume wangu alipelekwa Japani na mwajiri wake mwezi Novemba, mafunzo ya wiki tatu ya mambo ya pampu za maji. Mimi nikaomba likizo, nikamfuata wiki ya mwisho. Mashosti wakasema, haya, fungate ya pili hiyo! Nikacheka nao. Ukweli ni kwamba kwa miezi kadhaa tulikuwa tunaishi kama wapangaji wawili waliochangia sebule. Hatugombani. Walio kwenye ndoa mnanielewa, bora hata ugomvi. Sisi maongezi yetu yalikuwa luku imebaki uniti ngapi, ada imelipwa au bado, na leo nani anampitia mtoto shule. Basi. Na hapo mimi nina shahada ya mawasiliano, kila mwezi nahariri makala za kuwafundisha wengine jinsi ya kuzungumza na wenzi wao. Cheka tu, ruksa.

Kuna jambo jingine inabidi uljue, na hili silisemi kwa furaha. Nilipokutana naye alikuwa anasoma uhandisi mchana, na wikiendi anapiga gitaa la ridhimu kwenye bendi ya dansi, baa moja ya Kinondoni. Nilimpendea pale pale jukwaani. Lakini tulipoanza mipango ya posa, mjomba wangu akauliza, "Mpiga gitaa? Huyo si mhuni tu?" Mimi badala ya kumtetea, nilikwenda kumwambia mwenzangu kwamba sitaki mwanangu aulizwe shuleni baba yake anafanya kazi gani akakosa la kusema. Hakubishana. Mwaka 2014 akauza gitaa, 2015 tukafunga ndoa. Tangu siku hiyo hakuwahi kulitaja, na mimi nikachukulia ukimya huo kuwa ni kukubali.

Sasa, siku yangu ya pili Tokyo, yeye ana mapumziko, akaniambia anataka kunipeleka mahali. Tukapanda treni yenye mstari wa rangi ya chungwa kutoka Shinjuku, dakika kama kumi hivi, tukashuka Ochanomizu. Ukitoka tu kituoni, mtaa mzima unaoteremka kupita Chuo Kikuu cha Meiji ni magitaa. Sitanii. Duka, duka, duka, ghorofa hadi ghorofa, magitaa yananing'inia ukutani kama mikungu ya ndizi. Mapya, ya zamani, ya mkono wa kushoto, ya elfu kumi za kwao na ya bei ya gari. Mume wangu alitembea maduka manne, mikono kaifungia mgongoni kama mtoto aliyeambiwa na mama yake asiguse vyombo vya watu. Hakugusa hata moja.

Kwenye duka la tano kulikuwa na mzee wa miaka sabini na kitu, mwenye duka nadhani, amekaa na gitaa jeupe mapajani. Alipotuona akapiga ile milio ya haraka inayoteremka kama mtu anashuka ngazi mbio, akasema, "Venchazu!" Mume wangu akaelewa hapo hapo. The Ventures, ile bendi ya Wamarekani ya magitaa matupu, bila mwimbaji.

Hapa ndipo nilipopata darasa ambalo sikulitarajia. The Ventures walifika Japani mara ya kwanza mwaka 1962, wawili tu kati ya wanne. Waliporudi bendi nzima mwaka 1965, vijana wa Japani walipata wazimu. Wao waliuita muziki ule "eleki", kifupi cha gitaa la umeme. Na ukifikiri, ni rahisi kuona kwa nini uliwashika namna ile. Kuimba nyimbo za Wamarekani kulitaka Kiingereza, na Kiingereza hawakuwa nacho. Gitaa halina lugha. Kijana wa mji wowote mdogo, akiwa na vidole na uvumilivu, aliweza kupiga kilekile alichokisikia kwenye sahani ya santuri. Mwaka huohuo 1965 ikatoka na filamu ya vijana iliyombeba Yuzo Kayama akiwa na gitaa la umeme mkononi, na moto ukazidi kukolea.

Wazazi je? Wazazi waliona ni uhuni. Ziko shule zilizopiga marufuku wanafunzi kushika gitaa la umeme au kwenda kwenye maonyesho yake, zikihofia watoto wataharibika. Aliyesimama kulitetea ni Takeshi Terauchi, mpiga solo aliyefariki mwaka 2021. Aliamua kuzifuata shule zenyewe, akawa anazunguka sekondari moja hadi nyingine akipiga mbele ya walimu na wanafunzi wao, waone kwamba chombo hakina kosa. Mwaka 1967 yeye na bendi yake ya Bunnys walichukua ile simfoni ya tano ya Beethoven, muziki wa watu wa heshima kabisa, wakaupiga kwa magitaa ya umeme. Sasa mzazi atasema nini?

Nilipomsomea mume wangu haya kwenye simu, tukiwa tumekaa kwenye mgahawa wa tambi, alicheka mpaka akaweka vijiti chini. "Kumbe mjomba wako yuko hadi huku," alisema.

Nikacheka na mimi. Lakini mwenzio lilinichoma.

Kabla hatujaondoka mtaa ule nililipiwa na mimi zamu yangu. Kwenye pembe ya duka moja niliona kidude cha mbao, kirefu, kina nyuzi na vitufe vya namba kama mashine ya kuchapia. Nikapiga kelele. Mimi mtoto wa Tanga, nimelala sana kwa bibi huku kaseti za taarab ya Mombasa zikilia, na sauti ile ya nyuzi kali iliyo kwenye nyimbo za Zuhura Swaleh naijua hata usingizini. Ni taishokoto! Miaka yote nikidhani ni chombo cha Kiarabu au cha Kihindi. Kumbe kilibuniwa Nagoya mwaka 1912 na Morita Goro, na jina lake ni la enzi ya mfalme wao iliyoanza mwaka huo, Taisho. Kikavuka bahari mpaka pwani yetu, kikaingia harusini, kikawa chetu. Mume wangu alinitazama nikibonyeza vitufe bila mpango, akaniambia, "Wewe umeruhusiwa kugusa." Hakusema zaidi.

Jioni yake ndiyo tukaenda Shimokitazawa. Kutoka Shibuya kwa treni ya haraka ni kituo kimoja tu. Kama umezoea kuona Tokyo ya kwenye picha, taa na maghorofa na watu elfu wanavuka barabara kwa pamoja, pale utashangaa. Vichochoro vyembamba, magari ni ya kubahatisha, na usishtuke, mitumba! Nguo za mitumba ndiyo sifa ya mtaa ule, maduka kwa maduka, ila zimepigwa pasi na kupangwa kwa rangi, na bei yake usiulize. Reli ya Odakyu iliyokuwa inaukata mtaa katikati ilizamishwa chini ya ardhi mwaka 2013, na pale ilipokuwa inapita sasa kuna njia ya kutembea, mikahawa, maduka ya vitabu. Wapo wenyeji wanaolalamika kwamba mtaa umepakwa poda mno. Mimi mgeni niliona bado una vumbi lake la kutosha.

Na chini ya vichochoro vile ndiko kwenye muziki. Wenyewe wanasema "raibu hausu": kumbi ndogo, nyingi ziko chini ya ardhi, unashuka ngazi nyembamba iliyobandikwa mabango hadi kwenye dari. Mojawapo, Shelter, upo tangu 1991 na hauchukui zaidi ya watu mia mbili na hamsini hivi. Mwaka 2022 ulipata umaarufu mpya baada ya katuni ya Bocchi the Rock!, inayomhusu binti mwenye aibu aliyejifunza gitaa peke yake chumbani, kuchora ukumbi unaofanana nao. Siku hizi mashabiki wanakuja kupiga picha ngazi tu.

Sisi tuliingia ukumbi mwingine, mdogo zaidi. Tiketi yeni 2,500, na juu yake lazima ununue kinywaji kimoja, yeni 600, uwe na kiu usiwe nayo. Hakuna kuingia bure kwa kujuana. Tangazo lilisema saa moja kamili usiku, na saa moja kamili, namaanisha kamili, taa zikazimwa. Kibongobongo hapo ndiyo kwanza mtu anatafuta soksi.

Bendi tatu za mwanzo nitazipita haraka. Moja ilipiga kelele, moja ilikuwa na mwimbaji anayelia, ya tatu sikuielewa na sidhani kama yenyewe ilijielewa. Kisha ikapanda ile yetu. Wanne: magitaa mawili, besi, dramu. Nikasubiri mwimbaji. Hakuna. Maikrofoni pekee iliyokuwepo mbele ilisogezwa pembeni.

Walianza taratibu, gitaa moja likidondosha sauti kama bomba la maji lisilofungwa vizuri. La pili likaingia, haliligi lile la kwanza, linapita kwenye nafasi zake. Halafu dramu. Sijui nikueleze vipi zile dramu. Kwetu dramu zinashika mwendo ili wengine wacheze juu yake. Pale dramu ndizo zilizokuwa zinaongea, na magitaa yanazungukazunguka yakirudia neno moja kama mtu anayemsubiri mwenzie amalize sentensi. Dakika ya tano, bila mtu kuhesabu, wote wakalipuka kwa pamoja. Nilihisi glasi ikitetemeka mkononi.

Na watu? Kimya. Ukumbi una watu kama hamsini, wamesimama, vichwa vinayumba kidogo tu. Hakuna anayepiga mluzi, hakuna anayeongea na jirani, hakuna anayekwenda kutunza. Wimbo ukiisha, makofi, halafu kimya tena mpaka mpiga gitaa amalize kukaza nyuzi zake. Mwanzoni nilidhani hawajapenda. Kisha nikamwona kijana wa pembeni yangu, tai shingoni, begi la kazini katikati ya miguu, macho kayafumba na machozi yanamshuka. Wala hafuti.

Mume wangu akaniinamia sikioni. "Hili ni sebene," akasema. "Wamechukua sebene wakalifanya wimbo mzima." Alikuwa na haki. Kwetu mwimbaji anaimba matatizo yake yote dakika tatu, watu wamekaa wanakunywa, kisha ananyamaza, magitaa yanashika, na hapo ndipo viti vinasukumwa. Sote tunajua wimbo mtamu ni pale maneno yanapokwisha. Wenzetu hawa wameruka utangulizi, ila na wao hawachezi! Kila mtu na wazimu wake.

Kisha nikatazama mkono wake wa kushoto. Vidole vilikuwa vinabonya nyuzi kwenye mguu wa suruali. Miaka yote ile, na vidole bado vinajua pa kwenda. Sikumwambia kwamba nimeona.

Onyesho liliisha dakika thelathini kamili. Wakati tunatafuta makoti, mpiga besi akatujia mbio, jasho linamtoka, akainama mara tatu. Ahsante, ahsante kwa kuja kutuona sisi. Nikasema moyoni, huyu katujuaje? Ndipo kwa msaada wa simu mbili na Kiingereza cha kuokoteza akatueleza habari ya vile vimstari. Kumbi nyingi ndogo za Tokyo huipa kila bendi kiasi cha tiketi, wanaita "noruma". Swali la mlangoni ni la kuhesabu nani kaleta watu wangapi. Bendi isipofikisha idadi yake, inalipia pengo kutoka mfukoni. Wao walipewa tiketi 15. Waliokuja kwa jina lao ni 9, sisi wawili tumo. Kwa hiyo usiku ule, kwa muziki uliomliza mtu mzima na tai yake, walidaiwa tiketi sita, yeni 15,000. Piga hesabu ya kwetu, ni kama laki mbili na nusu hivi. Wanalipa ili wapige!

Mume wangu akauliza kazi zao. Mpiga besi ni mhasibu. Mpiga dramu anafundisha watoto kuogelea. Mmoja wa magitaa anaendesha gari la kusambaza vifurushi, na alfajiri anatakiwa kazini. Wamekua wakisikiliza toe, bendi ya Tokyo iliyoanza mwaka 2000 na kuwafanya vijana wengi waamini kwamba dramu na magitaa mawili vinatosha kueleza jambo. Na MONO, walioanza 1999, wanaotoka na muziki wao usio na maneno kuzunguka dunia, wakarekodi albamu kadhaa Chicago kwa Steve Albini mpaka ile ya Oath, iliyotoka 2024 muda mfupi baada ya fundi huyo kufariki. (Kama wewe na mwenzio mnataka kuanza mahali, anzeni na Hymn to the Immortal Wind ya MONO, 2009, usiku, taa zimezimwa, simu mbali.)

"Mtakuja kuishi kwa muziki?" mume wangu akamuuliza yule mhasibu. Kijana akafikiri, akaandika, simu ikasoma: hapana, lakini tunaishi.

Sasa nikwambie kilichonimaliza mimi. Kwenye meza ya kuuzia fulana na sidii alikaa mwanamke wa umri wangu. Ni mke wa mpiga solo. Wana watoto wawili, leo wameachwa kwa bibi. Nikamuuliza kimama, kwa simu, hukereki? Hela zinakwenda, usiku unakwenda. Alicheka akiwa kaziba mdomo kwa kiganja, kama wafanyavyo. Akajibu: "Jumatano ni yake. Jumapili ni yangu. Siku nyingine ni za kazi." Nikanunua sidii mbili ambazo nyumbani hatuna hata pa kuzichezea.

Kituoni tulisimama tukisubiri treni. Baridi ya kukata masikio. Nikasema, "Samahani kwa lile gitaa."

Hakujibu. Treni ikaja, hatukuipanda. Ikaondoka.

"Nililiuza laki nne," akasema. "Lilikuwa la zaidi ya milioni. Nilitaka liondoke haraka, kabla sijabadili mawazo."

Tukaziacha treni nyingine mbili, mazungumzo yamekolea. Hayakuwa mazuri yote. Aliniambia mambo kuhusu mjomba wangu na kuhusu mimi ambayo hayatachapishwa kwenye gazeti hili, na mimi nikamwambia kuhusu ukimya wake, kwamba nyumba ile nimeilea na mtu aliyehama. Hatukupaza sauti; unawezaje kupaza sauti kwenye kituo cha Wajapani? Tulifika hotelini karibu na saa sita, tumechoka kama tuliolima.

Siku moja kabla ya safari tulirudi Ochanomizu. Safari hii nilikwenda mimi kwa yule mzee, nikaomba moja la ukutani, la mitumba, rangi ya kahawia iliyokwanguka pembeni, yeni 38,000. Nikalitua mapajani mwa mume wangu. Alikaa nalo muda mrefu bila kupiga. Mzee akaondoka akaenda kupanga makasha nyuma, nadhani kwa makusudi. Hela niliitoa kwenye bajeti yangu ya viatu, na nataka hilo lijulikane.

Uwanja wa ndege Dar, afisa forodha akafungua kasha. "Wewe mwanamuziki?" Mume wangu akasema yeye ni injinia. "Na hili?" Akanitazama. Nikamwambia afisa kwamba hilo ni la Jumatano.

Sasa hivi anakutana na wenzake wawili wa zamani, mpiga dramu na yule wa besi, kwenye gereji ya jirani yetu. Jirani ameshalalamika mara moja, na mjomba amesikia. Yangu ya Jumapili, kusema kweli, bado naidai. Mwimbaji hawajapata, na nilipowauliza wiki iliyopita wanamtafuta wapi, walitazamana wakasema hawamtafuti.